Gari Lililokamatwa na Haki ya Mwenyewe

Ndugu Waislamu, yako masaibu yanayoingia nyumbani pasi na mwenye nyumba kutenda kosa. Mzazi humpa mwanawe gari, kijana akakamatwa na kitu cha haramu, na polisi wakachukua kijana na gari pamoja. Je, mwenye mali afanyeje?

Twatoa mfano wa Marekani, ambako sheria huruhusu serikali kuishtaki mali yenyewe ili iitwae. Mwezi wa Februari 2019, katika jimbo la Alabama, polisi walimkamata kijana akiendesha gari la mama yake, Bibi Halima Culley, wakakuta bangi. Gari likazuiliwa, na baada ya siku 10 serikali ikafungua shauri la kulitwaa. Sheria ya jimbo ilimwachia mama njia mbili: kuweka dhamana ya thamani ya gari mara mbili akabidhiwe wakati shauri likiendelea, au kuithibitishia mahakama kuwa hakujua habari ya kosa lile. Ombi la kutaka hukumu kwa hoja hii ya pili lilipelekwa Septemba 2020. Oktoba mahakama ikaamuru arudishiwe gari lake. Tazameni: miezi 20 bila gari, na ombi lililomaliza shauri halikuchukua hata miezi miwili.

Bibi huyo alidai pia kwamba katiba yampa mwenye gari haki ya kusikilizwa upesi, kabla ya shauri lenyewe. Mei 2024 Mahakama ya Juu ya Marekani ilikataa, majaji 6 kwa 3. Ilisema shauri lisikilizwe kwa wakati wake, lakini kikao cha kwanza cha peke yake si lazima. Basi anayengoja aitwe hukaa sana.

Sisi tumefundishwa katika Sura Al-An'am, aya ya 164, kwamba hakuna abebaye mzigo wa dhambi ya mwenziwe. Kwa hiyo asiye na hatia kudai mali yake si utovu wa adabu kwa serikali, ni haki. Lakini haki ina njia zake. Shika hati za gari, na uandike tarehe lilipochukuliwa. Tafuta wakili mapema, ujibu shauri kabla muda haujapita. Wala usitie kitu mkononi mwa askari ili likutokee usiku; Mtume (s.a.w.) amemlaani mtoa rushwa na mpokeaji.

Liko neno moja zito zaidi. Mahakama itamwuliza mzazi: Je, ulijua? Akiwa alijua akanyamaza, kisha akala kiapo kuwa hakujua, atarudi na gari na dhambi ya kiapo cha uongo. Enyi wazazi, ulizeni leo funguo zinakwenda wapi na nani. Nanyi vijana, gari la mzazi ni amana. Msimlazimishe mama yenu kusimama mahakamani kujitetea kwa msilomwambia.