Viazi vya Karameli kwa Baridi ya Julai

Baridi ya Julai ikiingia mtaa wa Umoja, Nairobi, chipsi huuzwa kila kona, na viazi vya kuchemsha havikosekani kwenye mchuzi. Napendekeza tuongeze namna ya tatu, ambayo watu wa Denmark huiandaa pamoja na nyama ya Krismasi: viazi vidogo vilivyovikwa sukari iliyoungua kidogo na siagi. Viungo ni vichache. Kinachowashinda wapishi wengi ni maji.

Nairobi iko juu, zaidi ya mita 1,600 kutoka usawa wa bahari, kwa hiyo maji yetu huchemka kwenye nyuzi 95 hivi. Sukari nayo haigeuki karameli mpaka ikaribie nyuzi 160. Maadamu kuna maji kikaangoni, joto huishia kuyafanya mvuke, na sukari hubaki sharubati tu. Kiazi chenye majimaji hakitapata rangi, hata ukigeuze mpaka mkono uchoke.

Kwa hiyo kazi huanzia sokoni. Shangi, aina iliyojaa masoko yetu, huiva upesi na kupasuka ikichemshwa kwa moto mkali, na kiazi kilichopasuka hunyonya maji. Pale soko la Mutindwa, chagua vile vidogo ambavyo wakaanga chipsi hawavitaki. Vya kijani viache kabisa, maana sumu yake haiishi kwa kuchemshwa. Vipike na maganda yake, kwa moto mdogo, mpaka kisu kipenye, kisha mwaga maji na uviache vipoe, ikiwezekana hadi kesho yake. Wanga ukipoa hukaza, na kiazi hakivunjikivunjiki. Hapo ndipo uvimenye na kuvipangusa kwa kitambaa kikavu.

Kwa kilo moja, tandaza vijiko sita vya chakula vya sukari kwenye kikaango kikavu, moto wa wastani. Usikoroge, tikisa kikaango tu. Ikishakuwa na rangi ya asali, tia vijiko viwili vya siagi, halafu viazi. Karameli itaganda ghafla kwa ubaridi wa viazi, na hapa wengi huogopa wakaongeza maji. Usifanye hivyo. Endelea kugeuza taratibu kama dakika kumi. Itayeyuka yenyewe na kuvipaka. Watoto wakae mbali, kwani sukari hiyo hunata kwenye ngozi na kuunguza vibaya kuliko maji ya moto.

Nyunyiza chumvi, pakua na kuku wa kuchoma na kachumbari yenye ndimu nyingi ya kukata utamu. Viliwe papo hapo, kwa sababu karameli hufyonza unyevu na ganda lake hulegea.