Mbona Mafuta Yetu Yashikwe?



Wazee walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Kwa mwenye kuuza mafuta, msemo huu ni mzito zaidi, kwa sababu mali yake yaweza hata kuchukuliwa na serikali mchana kweupe.

Hapa Miritini tunaishi na mafuta. Matangi ya Kenya Pipeline yako jirani hapo Kipevu, na malori ya kwenda bara yanapita usiku na mchana. Si ajabu basi vikundi kufikiria biashara ya mafuta ya taa au dizeli. Lakini twaulizwa: "Mafuta tumenunua kwa pesa yetu, mbona yashikwe?"

Jibu ni kwamba mkaguzi hatazami mafuta peke yake. Anatazama mafuta pamoja na karatasi, aone kama vinasema neno moja.

Tuchukue mfano. Asubuhi tangi lina lita 600. Mchana mmeletewa lita 400 na risiti yake. Mpaka jioni mmeuza lita 350. Zinatakiwa zibaki lita 650. Mkitia fimbo ya kupimia mkakuta 580, mmepungukiwa lita 70. Pengine tangi linavuja, pengine mlipunjwa, pengine kuna mkono mrefu ndani ya kikundi.

Je, mkikuta 720? Wengi watafurahi, waseme ni baraka. La hasha! Hapo ndipo penye hatari kubwa. Zile lita 70 zilizozidi hazina risiti, na mkaguzi atauliza zimetoka wapi.

Anauliza kwa sababu gani? Mafuta yanayopita Mombasa kwenda Uganda, Rwanda, Kongo au Sudan Kusini hayalipiwi ushuru wa Kenya. Yakiuzwa humu nchini kwa siri, ni magendo. Kwa hiyo hutiwa alama ya kemikali ambayo jicho halioni. Mafuta ya taa nayo hutiwa alama, ili anayeyachanganya na dizeli ajulikane. EPRA, ambayo ndiyo mamlaka ya nishati na petroli, hupima alama hizo. Lile pipa la bei poa lililonunuliwa usiku kwa dereva wa lori laweza kuwasemea lenyewe.

Tofauti ndogo isiwatie hofu. Dizeli hutanuka kwa joto: lita 1,000 zikipata joto zaidi kwa digrii 10, huongezeka kama lita 8 hivi. Andikeni tofauti hiyo kila siku. Msiifiche wala msiirekebishe kwa kalamu.

Sasa sheria. Sheria ya Petroli ya mwaka 2019 inataka mwenye biashara ya mafuta awe na leseni ya EPRA. Sheria ya forodha ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004 inaruhusu bidhaa za magendo kushikwa, hata na gari lililozibeba. Lakini kushikwa si sawa na kutaifishwa. Kama mali imeshikwa mwenyewe hayupo, afisa anatakiwa kumpa notisi ya maandishi yenye sababu ndani ya mwezi mmoja. Mwenye mali naye ana mwezi mmoja wa kudai kwa maandishi. Akinyamaza mwezi ukapita, mali imekwenda. Vikundi vingi vina tabia ya kungoja "mambo yapoe". Hapa kungoja ndiko kupoteza.

Kwa hiyo twawashauri:

1. Pateni leseni kabla ya kununua pipa la kwanza.
2. Pimeni tangi asubuhi na jioni, watu wawili, wote watie sahihi.
3. Msipokee hata mtungi mmoja bila risiti yenye tarehe, lita na jina la muuzaji.
4. Wekeni risiti mahali pengine, si pale pale penye mafuta.
5. Mkishikiwa mali, ombeni karatasi ya afisa siku hiyo hiyo, kisha mwoneni wakili au ofisi ya msaada wa sheria.

Pipa moja la lita 200 ni michango ya akina mama wengi, shilingi kwa shilingi. Daftari ni bei ya soda mbili tu. Mkutano ujao, kabla ya kufunga, mwambieni mweka hazina alifungue mbele ya wote.