Nani huiona filamu kabla yako?

Filamu unayoitazama kwenye banda la video, Karagwe au Kyerwa, kisheria ilitakiwa ipite kwanza mbele ya wakaguzi. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 inaipa Bodi ya Filamu Tanzania mamlaka ya kuiruhusu filamu, kuipangia umri wa watazamaji au kuikataa.

Kazi huanza mapema zaidi. Kabla ya kurekodi, mtengenezaji huomba kibali akiambatanisha hadithi yake na maneno ya waigizaji.

Hollywood ilikuwaje?

Huko Marekani nako hadithi zilisomwa kwanza. Mwaka 1930 wenye studio walijiwekea kanuni, wakihofia makanisa na serikali. Kuanzia 1934, studio iliyotoa filamu bila cheti cha ofisi ya Joseph Breen ilikabiliwa na faini ya dola 25,000. Mhalifu hakuruhusiwa kumaliza filamu akiwa mshindi. Mume na mke walionyeshwa kila mtu na kitanda chake.

Watengenezaji wakatafuta njia ya kupita. Busu refu lilipokatazwa, Alfred Hitchcock katika filamu ya Notorious ya mwaka 1946 aliwafanya wapenzi wabusiane kidogo, wazungumze, kisha wabusiane tena. Kanuni hizo ziliachwa mwaka 1968, zikaja alama za umri.

Na kwa majirani?

Mwaka 2018 Kenya iliipiga marufuku Rafiki, filamu ya Wanuri Kahiu kuhusu mapenzi ya wasichana wawili. Kahiu alieleza kuwa bodi ilitaka abadilishe mwisho, kwa sababu uliacha matumaini. Alikataa. Mahakama iliiruhusu kwa siku 7 tu, na kumbi za Nairobi zikajaa.

Kwetu ina maana gani?

Wazazi wengi watakubali mtoto azuiwe kuona uchi na ukatili. Kumpangia mtunzi hadithi yake iishe vipi ni jambo jingine, na hasara yake haionekani: mtu akiogopa kukataliwa, hufuta kisa kabla hajakiandika.

Kijana wa Kiruruma mwenye simu nzuri anaweza kutengeneza filamu leo. Kabla ya kurekodi, apite ofisi ya afisa utamaduni wa wilaya aulize utaratibu wa kibali. Ila kisa chake akiandike kwanza, chote.