Ramani ya Saratani na Mafundi wa Gerezani

Apitaye Gerezani saa mbili ya asubuhi hahitaji kuambiwa alipo, kwani masikio humwarifu kabla ya macho. Nyundo zinagonga bati, mapipa makuukuu yanapasuliwa yawe majiko ya mkaa na makarai, na kando ya njia cheche za kuchomelea zinarukia miguu ya watu waendao sokoni Kariakoo. Fundi mmoja amevaa miwani ya jua aliyoinunua kwa mchuuzi. Mwenzake hana kitu usoni, amefumba jicho moja na kugeuza shingo. Kijana wa tatu anaosha vipuri kwa petroli, mikono mitupu, na hatua chache tu kutoka hapo mama lishe ameinjika sufuria ya wali. Ni kwa ajili ya watu hawa tunaandika leo juu ya jambo ambalo huenda likaonekana ni la wasomi peke yao, yaani kuchora ramani ya vifo vya saratani.

Sisi tuliosomeshwa na wamisionari tulichora ramani nyingi, za mito, za reli na za mashamba ya mkonge. Ramani ya vifo hatukufundishwa. Lakini mojawapo ya ramani za saratani zilizo mashuhuri duniani ilichorwa papa hapa Afrika ya Mashariki, na sehemu ya kazi yake ilifanyika katika barabara za vumbi za Tanganyika.

Mwaka 1957, katika hospitali ya Mulago, Kampala, Daktari Hugh Trowell alimwita mwenziwe, mpasuaji Denis Burkitt, amtazame mtoto wa miaka mitano aliyevimba taya pande zote mbili, juu na chini. Majuma machache baadaye Burkitt, akiwa Jinja, alimkuta mtoto mwingine mwenye uvimbe wa namna ile ile. Akajiuliza imekuwaje. Akapekua majalada ya hospitali, na mwaka 1958 akatoa habari za saratani hiyo ya watoto ambayo leo inaitwa kwa jina lake. Kisha akachapisha karatasi zenye picha za wagonjwa, akazipeleka kwa hospitali za nchi nyingi za Afrika, akiuliza swali moja tu: je, ugonjwa huu mmepata kuuona? Majibu yaliporudi aliyaweka katika ramani, nayo ramani ikaonyesha mkanda uliokatiza katikati ya bara letu.

Ilibaki kujua mkanda ule unakoma wapi upande wa kusini. Mwezi Oktoba 1961 Burkitt akaondoka Kampala pamoja na madaktari wawili wamisionari, Ted Williams na Cliff Nelson, ndani ya gari kuukuu la Ford lililonunuliwa kwa pauni 250. Walisafiri majuma kumi, mwendo wa maili zipatazo 10,000, wakaingia katika hospitali zaidi ya 50, wakati Tanganyika ikihesabu siku za kupandisha bendera yake. (Mafundi wa Gerezani watapenda kujua ya kuwa Williams alikuwa pia hodari wa kutengeneza magari. Bila spana yake huenda sayansi ile ingalilala njiani.)

Walichokiona ni hiki. Karibu na Ikweta, ugonjwa haukuwako katika nchi za juu zipitazo kiasi cha mita 1,500. Kadiri walivyoshuka kusini, mpaka huo nao ukashuka, mpaka mwisho ukafika usawa wa bahari. Basi haukuwa mpaka wa milima, bali wa joto. Tena palipokuwa na mvua haba, ugonjwa ulikuwa haba. Mwenye akili aliona mara moja kwamba ramani hiyo yafanana na ramani ya mbu. Unguja na Pemba, zenye joto na mvua za kutosha, ziliwatatiza kwanza, kwa kuwa watoto wa huko hawakuonekana na uvimbe huo ila kwa nadra. Baadaye ilifahamika kwamba malaria ilikuwa imepigwa vita visiwani, na hilo likatia nguvu wazo kwamba malaria ina mkono katika jambo hili. Mwaka 1964 huko London Anthony Epstein na wenzake wakagundua kirusi katika chembe za uvimbe zilizotoka Uganda. Lakini kirusi hicho wanacho watu wa dunia nzima, na wengi hakiwadhuru. Kwa hiyo malaria haikuondoka katika hesabu. Wilayani Mara ya Kaskazini, tangu 1977 hadi 1982, watoto walipewa vidonge vya klorokwini ili ionekane kama saratani hiyo itapungua. Ilipungua, lakini ilikuwa imekwisha kuanza kupungua kabla ya vidonge, na wataalamu hawakuthubutu kudai ushindi. Twausifu uungwana huo.

Tumekaa sana katika kisa hiki kwa sababu moja. Kazi yote ile haikuanza kwa mashine ya thamani. Ilianza kwa karatasi, stempu za posta, na swali la mahali: mgonjwa huyu katoka wapi? Vivyo hivyo huko Murang'a, Kenya, watafiti walichukua sampuli za chakula cha jioni majumbani, nyanda za juu, za kati na za chini, na mwaka 1973 wakaonyesha kuwa palipozidi sumukuvu katika chakula, saratani ya ini nayo ilizidi.

Wafanyakazi wa Dar es Salaam yawapasa kusikia pia kisa cha Marekani. Mwaka 1975 Taasisi ya Taifa ya Saratani ya nchi hiyo ilitoa kitabu cha ramani za vifo vya saratani vya miaka 1950 hadi 1969, wilaya kwa wilaya. Pwani ya jimbo la Georgia ilionekana ina wanaume wengi mno waliokufa kwa saratani ya mapafu. Ramani haikusema kwa nini. Ilisema tu: nendeni mkaulize pale. Wakaenda, wakawauliza wagonjwa na jamaa za marehemu habari za kazi walizofanya zamani, na mwaka 1978 jibu likachapishwa: waliozidi kupatwa ni wale waliounda meli za vita vya pili vya dunia, wakafanya kazi katika vumbi la asbesto. Vita vilikwisha 1945, viwanda vile vikafungwa, wafanyakazi wakatawanyika, na kifo kikawafuata huko huko walikotawanyikia.

Sasa turudi nyumbani. Kwa makadirio ya Shirika la Kimataifa la Utafiti wa Saratani, mwaka 1 wa 2020 peke yake Watanzania zaidi ya 40,000 walipata saratani. Twasema makadirio, kwani daftari za kuwaandikisha wagonjwa wa saratani katika nchi yetu ni chache, na wengi hufa bila kupimwa. Kwa miaka mingi tiba ya mionzi ilipatikana Ocean Road tu, katika majengo ambayo Wajerumani waliyamaliza 1897, hata Bugando ikaja kuanza huduma hiyo Mwanza. Kwa hiyo ukihesabu wagonjwa wa hospitali ukaiita hesabu hiyo ramani, umechora ramani ya hospitali na ya nauli ya basi. Ndiyo maana mjadala uliozuka katika miaka ya karibuni, kama Kanda ya Ziwa yaongoza kwa saratani na kama zebaki ya machimbo ya dhahabu ina hatia, hauwezi kukatwa kwa kutaja idadi ya wagonjwa peke yake. Kanda ile ina watu wengi, nao hutoa wagonjwa wengi. Lazima hesabu igawanywe kwa watu waliopo na kwa umri wao. Hatusemi zebaki haina hatia. Twasema hukumu yataka ushahidi.

Gerezani kosa hili huja kwa namna mbili. Mgonjwa aliyetoka Kigoma hufikia kwa mjomba wake Kariakoo, na akiulizwa anakaa wapi hutaja mtaa wa mjomba; basi saratani ya Kigoma yaandikwa Kariakoo. Na fundi aliyechomelea vyuma Gerezani miaka 25, akiona kifua kimemshinda, hurudi kwao Rufiji au Mahenge, akafa huko, akazikwa huko. Moshi aliuvuta mjini, kaburi liko kijijini. Hata pale anapoulizwa kazi yake, neno moja huandikwa, "mkulima" au "mfanyabiashara", na miaka 25 ya moshi ikafutika kwa kalamu ya wino.

Wala hatari zenyewe si za kubahatisha. Mwaka 2012 shirika lile lile la saratani liliuweka moshi wa dizeli katika daraja la kwanza la vitu viletavyo saratani kwa binadamu, na mwaka 2017 wataalamu wake wakauweka humo moshi wa kuchomelea. Daraja hilo lina pia benzini iliyomo katika petroli, asbesto, na kazi yenyewe ya kupiga rangi. Mchanganyiko huu fundi wetu huuvuta kwa siku moja, kabla ya chakula cha mchana. Mwaka 1999 ilichapishwa habari ya uchunguzi wa mboga zilizooteshwa kandokando ya mito Msimbazi na Sinza, zikaonekana zina risasi na kadimiamu. Kweli, fundi huyo huenda avuta sigara pia, na huenda nyumbani kwake mkaa huwaka ndani usiku kucha. Kwa sababu hiyo hasa hatutosheki na kubuni, yapasa aulizwe.

Tena yapasa aulizwe sasa. Saratani ya kazini aghalabu hukawia miaka 20, 30 na zaidi. Mtoto wa miaka 16 aliyeanza juzi kushika nyundo Gerezani, dalili zake zitakuja atakapokuwa baba wa watu, nasi tusipoandika leo hakuna atakayekumbuka alianzia wapi.

Twajua hofu iliyopo. Mafundi wanasema, na si bila sababu, kwamba serikali ya mji ikisikia neno "hatari" huleta tingatinga kabla ya kuleta daktari. Tunasema waziwazi: ramani tunayoitaka haikusudiwi kumfukuza fundi mahali anapopatia riziki yake. Ni ya kumletea paa lenye kupitisha hewa, kinyago cha kweli, kioo cha kukinga macho, na mahali pa kumwaga oili chafu pasipokuwa mfereji wa maji. Wala mambo haya yasingojee ramani imalizike. Sheria ya Usalama na Afya Mahali pa Kazi ipo tangu 2003, na Wakala wake upo mjini humu humu. Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi nao upo, lakini huchangiwa na waajiri. Anayejiajiri kwa nyundo yake mwenyewe nani atamchangia, na atathibitisha vipi kwamba ugonjwa wake umetokana na kazi?

Chama kina mabalozi wa mashina, nyumba kwa nyumba, nao wanajua nani anaumwa, nani karudi kwao, na nani amefiwa. Hakuna ofisi ya takwimu iliyo na macho ya karibu namna hiyo. Tunaomba matawi ya Gerezani na Kariakoo yakae na viongozi wa mitaa, waganga wa zahanati na wazee wa mafundi, wakubaliane juu ya daftari moja la kawaida: si majina ya watu ya kutangazwa, bali umri, mtaa aliokaa miaka mingi, kazi alizofanya na kwa miaka mingapi, na ugonjwa kama ulivyotajwa na daktari. Anayerudi kijijini aandikwe kabla hajapanda basi. Nazo hospitali zetu zinazotibu saratani tunaziomba ziongeze swali moja katika kadi ya mgonjwa, baada ya lile la mahali anapoishi sasa: kabla ya hapo ulikaa wapi, na mikono yako ilifanya kazi gani?