Kibaigwa, Mji Uliojengwa na Mahindi

Msimu wa mavuno ukifika, Kibaigwa haina utulivu. Malori yanapanga foleni sokoni, makuli wanapandisha magunia, madalali wanawawahi wakulima kabla hawajashusha mzigo, na mama lishe wanaongeza masufuria jikoni. Mji huu mdogo wa wilaya ya Kongwa, kando ya barabara kuu ya Dodoma na Morogoro, una soko la kimataifa la nafaka, mojawapo ya masoko makubwa ya mahindi nchini Tanzania.

Mgeni anaweza kushangaa, maana mkoa huu wa Dodoma ni nchi kame. Mvua yake ni ya msimu mmoja, na Wagogo, wenyeji wake, tangu zamani walitegemea uwele na mtama, mazao yanayovumilia jua. Lakini mahindi ya Kibaigwa hayatoki Kongwa peke yake. Mengi yanashuka kutoka Kiteto, mkoani Manyara, yakiifuata lami. Hapo ndipo mnunuzi wa Dar es Salaam anapokutana na mkulima, na hapo ndipo mji ulipopata riziki yake.

Wilaya ya Kongwa iliwahi kujaribiwa kwa kilimo cha namna nyingine kabisa. Mwaka 1947 serikali ya Uingereza ilianzia Kongwa mradi wa karanga, ikiwa na ndoto ya kulima ekari zaidi ya milioni 3 Afrika Mashariki na Kati ili ipate mafuta ya kula baada ya Vita Kuu ya Pili. Yaliletwa matrekta yaliyochakaa vitani, hata vifaru vilivyogeuzwa kuwa mashine za kung'oa visiki. Mibuyu iliwashinda Waingereza. Udongo mwekundu ulikauka ukawa mgumu kama saruji, karanga zikakwama ardhini, na mvua haikufuata ratiba ya ofisi za London. Mradi ulifutwa mwaka 1951, pauni zipatazo milioni 36 zikiwa zimeteketea.

Wenyeji waliokuwa wakiijua ardhi hiyo kwa vizazi hawakuwa na sauti katika mipango ile. Leo nafaka inayojaza malori inatoka zaidi kwa watu wa aina yao: wakulima wenye ekari chache, wanaosoma mawingu kabla ya kupanda. Heshima ya Kibaigwa ni yao.

Bado wanapunjwa. Lumbesa, yaani gunia linalofurika na kushonewa kilemba juu, humfanya mkulima alipwe bei ya gunia moja kwa mzigo unaozidi gunia, ingawa sheria inakataza kufungasha mazao zaidi ya kilo 100. Tena mahindi yaliyoanikwa chini na kuhifadhiwa na unyevu huota kuvu wanaotoa sumukuvu, sumu iliyoua watu Dodoma na Manyara mwaka 2016.

Basi mkulima wa Kongwa na Kiteto akaushe mahindi yake juu ya turubai, ayafikishe sokoni, na adai mzani kwanza ndipo azungumze bei.