Wa Kwanza Kumgusa Mgonjwa: Damu Yao Ilituambia Nini?



Mwaka 2020, cucu akizidiwa usiku huko Tetu, Mathira au Othaya, aliyefika kwanza hakuwa daktari. Alifika jirani, akaitwa mhudumu wa afya wa kijiji, akatafutwa kijana wa bodaboda au mwenye pikapu. Hawa ndio waliomwinua mgonjwa na kupumua hewa moja naye mpaka hospitali. Huko alipokewa na muuguzi, na msukuma kitanda, na mama wa kupiga deki. Tuliwaombea wote kanisani. Lakini je, tulijua korona iliwaingia kiasi gani? Leo tutaeleza jinsi jambo hili lilivyopimwa hapa Kenya, na kikundi chenu kinaweza kufanya nini.

Kingamwili ni kitu gani?

Virusi vikiingia mwilini, mwili hutengeneza askari wake wa kupigana navyo. Askari hao huitwa kingamwili. Ugonjwa ukiisha, wao hubaki katika damu kwa miezi kadhaa. Ni kama nyayo shambani baada ya mvua. Ng'ombe ameshaenda zake, lakini ukiona nyayo unajua alipita hapa.

Basi maabara ikipima damu kidogo, inaweza kujua kwamba mtu alipata korona hata kama hakulala kitandani siku moja. Hii ina maana sana, kwa sababu wengi walioambukizwa hawakusikia chochote, au walidhani ni homa ya baridi tu. Hesabu tuliyosikia redioni kila jioni ilikuwa ya wale waliopimwa ugonjwa wenyewe. Wengine walipita bila kuhesabiwa.

Hesabu ilisema nini?

Watafiti wa hapa Kenya walipima damu ya watu 9,922 waliojitolea kutoa damu sehemu mbalimbali za nchi. Kufikia tarehe 1 Septemba 2020, vifo 577 vya korona vilikuwa vimehesabiwa nchini. Lakini kingamwili zilionyesha kwamba karibu watu 9 katika kila 100 walikuwa wameshaambukizwa. Jijini Nairobi walikuwa karibu 23 katika kila 100.

Je, na wale wanaohudumia wagonjwa? Kati ya Julai na Desemba 2020 walipimwa wafanyakazi wa afya 684 wa Nairobi, Busia na Kilifi. Kwa jumla, karibu 21 katika kila 100 walikuwa na kingamwili. Busia walikuwa kama 13, na Kilifi kama 12. Nairobi walikuwa karibu 44! Yaani wafanyakazi wa afya wa Nairobi walikuwa na nyayo za korona karibu mara mbili ya watoaji damu wa mji huo huo.

Kuna jambo moja tunaomba mlishike. Watafiti walitazama pia kazi ya kila mtu, na hawakuona tofauti ya maana kati ya kada moja na nyingine. Virusi havikuuliza cheo. Kilicholeta tofauti kubwa ni mahali mtu alipofanyia kazi.

Sisi wa mlimani hatukuwa katika upimaji huo wa wafanyakazi wa afya, kwa hivyo tusichukue hesabu ya Nairobi tukasema ndiyo ya Nyeri, Nanyuki au Kerugoya. Lakini tusijidanganye pia. Nairobi ilipofungwa Aprili 2020, malori ya vyakula yaliruhusiwa kupita, na Julai barabara zikafunguliwa kwa wote. Madereva wa malori na wasaidizi wao walipopimwa nchini baadaye mwaka huo, kama 42 katika kila 100 walikuwa na kingamwili. Ugonjwa husafiri na watu, na barabara ya Nairobi tunaijua.

Tusikosee hapa

Wengine husema, "Mimi nilishapata, sasa niko sawa." Si hivyo. Kingamwili hupungua kadiri miezi inavyopita, na mtu anaweza kuambukizwa tena. Nyayo si ua la kuzuia ng'ombe asirudi. Ndiyo sababu chanjo zilipofika Kenya mwezi wa Machi 2021, wafanyakazi wa afya walikuwa mbele ya foleni.

Ni kweli kwamba tarehe 5 Mei 2023 Shirika la Afya Duniani lilitangaza kwamba korona si dharura ya dunia tena. Lakini ugonjwa haujaisha, na kifua kikuu nacho hupitia hewani. Kesho mtu ataugua na jirani ataitwa.

Kikundi kifanye nini?

1. Tengeni pesa kidogo ya kisanduku cha huduma: sabuni, glavu na barakoa. Kikae kwa mtu anayejulikana na wote, na mweka hazina aandike kinachotumika.

2. Barakoa zisiwe za mhudumu wa afya peke yake. Dereva, kijana wa bodaboda na anayemshika mgonjwa wapate pia, na mgonjwa mwenyewe avae kama anaweza kupumua vizuri.

3. Fungueni madirisha ya gari na ya chumba. Tunajua baridi ya Julai huku kwetu. Mfunikeni mgonjwa blanketi, lakini hewa ipite.

4. Wasiende watu sita. Mmoja wa kumsaidia mgonjwa na dereva wanatosha. Wakirudi wanawe mikono kwa sabuni, na kiti kipanguzwe.

5. Aliyesaidia akianza kukohoa au kupata homa, aende kituo cha afya mapema na apumzike nyumbani. Hapo ndipo kikundi kinaonekana. Mchumieni chai, mpelekeeni maziwa dairy, msimtoze faini ya kukosa mkutano.

6. Msimkimbie wala kumnong'ona. Mwaka 2020 watu walificha ugonjwa kwa kuogopa maneno ya majirani, na anayeficha huchelewa kutibiwa.

Yule Msamaria mwema hakuwa daktari. Alimfunga mtu vidonda, akampandisha juu ya mnyama wake, akamfikisha kwenye nyumba ya wageni. Leo mnyama huyo ni pikipiki. Tusimwache Msamaria wetu aende mikono mitupu.

Maswali ya kujadiliana kikundini

Usiku wa leo mtu akizidiwa, nani ataitwa kwanza? Ana nini mkononi cha kujikinga? Akiugua yeye, nani atamfanyia kazi ya shamba?

Mungu awabariki, na awalinde wanaotulinda.