Maangamizi: Filamu Inayostahili Kufika Kasekese

Filamu ya fumbo, yaani ile inayomwonyesha mtazamaji madhara ya kosa kabla ya kumjulisha chanzo chake, kwa kawaida huisha pale mhalifu anapotajwa. Lakini Maangamizi: The Ancient One, iliyoongozwa na Mtanzania Martin Mhando pamoja na Mmarekani Ron Mulvihill na kutolewa mwaka 2001, inauliza jambo gumu zaidi, nalo ni nani katika ukoo hubeba hatia baada ya tendo kupita. Hiyo ndiyo filamu ya kwanza ambayo Tanzania iliiwasilisha kuwania tuzo ya Oscar.

Kiini chake ni Samehe, mgonjwa wa hospitali ya akili aliyekaa miaka 20 bila kusema neno, ambaye ameigizwa na Amandina Lihamba, msomi wa sanaa za maonyesho wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Daktari Asira, Mmarekani mweusi anayekuja kumtibu, anatambua polepole kwamba kimya kile kimefunika maumivu ya nyumbani, na kwamba elimu yake pekee haitafua dafu bila Maangamizi, mhenga wa kike, yaani mzee wa ukoo aliyetangulia ambaye bado husema na walio hai. Tena Asira naye analazimika kuyakabili maumivu ya kwao, na kwa sababu hiyo filamu hii inazipita nyingi za upelelezi, kwani mchunguzi mwenyewe ana jeraha.

Swali hilo la hatia ya ukoo si geni kwa Kasekese, kata ya Wilaya ya Tanganyika mkoani Katavi, kwa kuwa mikoa ya magharibi na Kanda ya Ziwa kwa miaka mingi imeshuhudia vikongwe wakiuawa kwa tuhuma za uchawi, ingawa Sheria ya Uchawi imekuwapo tangu 1928. Mara nyingi tuhuma huchochewa na ramli chonganishi, yaani uaguzi unaowagombanisha ndugu, huku nyuma yake kukiwa na ugomvi wa shamba au msiba wa mtoto. Polisi humkamata aliyeshika panga. Ndugu waliomnong'oneza muuaji huyo hubaki wakila pamoja na yatima wa marehemu.

Kwa hiyo Bodi ya Filamu Tanzania na halmashauri ziifikishe filamu hii kwenye mabanda ya video ya vijijini kama Kasekese, ikiwa na sauti ya mfasiri kwa mtindo uliopata umaarufu kupitia Derek Mukandala, maarufu kama Lufufu, ili wazee na vijana waitazame pamoja na kuijadili.